Sarafina! (filamu)

Sarafina! ni filamu ya muziki ya Afrika Kusini iliyotolewa mwaka 1992. Iliongozwa na Darrell James Roodt na kutayarishwa na Anant Singh kwa ushirikiano na BBC ya Uingereza. Mswada wake uliandikwa na William Nicholson pamoja na Mbongeni Ngema, kutokana na tamthilia ya muziki yenye jina hilohilo ambayo Ngema aliiweka jukwaani mwaka 1987. Waigizaji wakuu ni Leleti Khumalo, Whoopi Goldberg, Miriam Makeba, John Kani na Ngema mwenyewe.

Filamu inasimulia habari za Sarafina, msichana wa shule ya sekondari katika mtaa wa Soweto, nje ya Johannesburg, wakati wa utawala wa ubaguzi wa rangi ulioitwa apartheid. Msingi wake ni upinzani wa wanafunzi uliojulikana duniani kutokana na maandamano ya tarehe 16 Juni 1976. Tarehe hiyo huadhimishwa barani kote kama Siku ya Mtoto wa Afrika.

## Historia ya nyuma

Mwaka 1953 serikali ya Makaburu ya Afrika Kusini ilipitisha Sheria ya Elimu ya Wabantu. Sheria hiyo iliziondoa shule nyingi za Waafrika mikononi mwa misheni na kuziweka chini ya wizara iliyoongozwa na Hendrik Verwoerd, ambaye baadaye alikuwa waziri mkuu. Shabaha yake haikufichwa: mtoto mweusi alipaswa kufundishwa yale tu yatakayomfaa katika kazi za chini alizopangiwa. Pengo lilionekana pia katika fedha. Katika mwaka wa 1975–76 serikali ilitumia takriban rand 644 kwa kila mwanafunzi mzungu na rand 42 kwa kila mwanafunzi mweusi.

Mwaka 1974 ilitoka amri kwamba katika shule za sekondari za Waafrika nusu ya masomo yafundishwe kwa Kiafrikaans. Hisabati na masomo ya jamii yaliwekwa katika lugha hiyo, na sayansi katika Kiingereza. Walimu wengi hawakukijua Kiafrikaans vizuri, na wanafunzi walikiona kuwa lugha ya polisi, ya mahakama na ya sheria za pasi. Mtoto aliyefanya vizuri katika hisabati alianza kushindwa, si kwa kukosa akili bali kwa kutoielewa lugha ya swali.

Mnamo Mei 1976 wanafunzi wa Orlando West walianza kugoma. Asubuhi ya Jumatano tarehe 16 Juni maelfu ya wanafunzi kutoka shule kadhaa za Soweto, zikiwemo Naledi na Morris Isaacson, waliandamana kwa amani kuelekea Orlando. Mmoja wa viongozi wao alikuwa Tsietsi Mashinini wa Morris Isaacson. Polisi waliwafyatulia mabomu ya machozi, kisha risasi. Miongoni mwa waliouawa siku hiyo alikuwa Hector Pieterson, mwenye umri wa miaka 12. Mpiga picha Sam Nzima alimpiga picha akiwa amebebwa na Mbuyisa Makhubo, huku dada yake Antoinette akikimbia pembeni. Picha hiyo ilizunguka ulimwengu mzima.

Ghasia zilienea katika miji mingine na kuendelea kwa miezi mingi. Tume iliyoundwa na serikali ilihesabu watu 575 waliokufa hadi mwisho wa Februari 1977, na wengi wao walikuwa vijana. Amri ya Kiafrikaans yenyewe iliondolewa mnamo Julai 1976, lakini mfumo wa elimu ya kibaguzi ulibaki. Katika miaka ya 1980 shule ziligeuka tena kuwa uwanja wa mapambano. Serikali ilitangaza hali ya hatari mwaka 1985 katika sehemu za nchi, na mwaka 1986 katika nchi nzima. Maelfu ya watoto waliwekwa kizuizini bila kufikishwa mahakamani. Tamthilia ya Sarafina! ilitungwa katika kipindi hicho.

## Tamthilia ya jukwaani

Mbongeni Ngema alizaliwa mwaka 1955 Verulam, karibu na Durban. Alikuwa amekwisha kupata sifa kwa tamthilia ya *Woza Albert!* (1981), aliyoitunga pamoja na Percy Mtwa na Barney Simon, na kwa *Asinamali!* (1983). Alieleza kwamba wazo la Sarafina! lilimjia baada ya mazungumzo na Winnie Mandela kuhusu ujasiri wa watoto wa Soweto. Aliwakusanya vijana kutoka mitaa ya Waafrika, wengi wao wakiwa hawajawahi kusimama kwenye jukwaa la kulipwa. Aliwafundisha kuimba, kucheza na kuigiza katika kundi lake la Committed Artists. Leleti Khumalo, aliyezaliwa mwaka 1970 KwaMashu, alikuwa mmoja wao, naye Ngema alimwandikia nafasi ya Sarafina.

Muziki ulitungwa na Ngema pamoja na Hugh Masekela, mpiga tarumbeta aliyekuwa akiishi uhamishoni tangu mwaka 1960. Tamthilia ilionyeshwa kwa mara ya kwanza Juni 1987 katika ukumbi wa Market Theatre mjini Johannesburg, mojawapo ya kumbi chache ambako weusi na weupe waliweza kukaa pamoja. Oktoba mwaka huohuo ilipelekwa Lincoln Center mjini New York. Tarehe 28 Januari 1988 ilihamia Broadway, katika ukumbi wa Cort, na ikachezwa mara 597 hadi Julai 1989. Ilipendekezwa kwa Tuzo za Tony tano, zikiwemo za tamthilia bora ya muziki, uongozaji, muziki na uchezaji. Khumalo alipendekezwa kwa uigizaji wake. Mwaka 1988 ilitoka pia filamu ya hali halisi, *Voices of Sarafina!*, iliyoongozwa na Nigel Noble, ambamo vijana hao wanaeleza maisha yao.

Jukwaani hadithi ilikuwa nyepesi kwa makusudi. Wanafunzi wa Morris Isaacson wanaandaa onyesho la shule kuhusu kuachiliwa kwa Nelson Mandela, wakati ambapo Mandela wa kweli alikuwa bado gerezani. Nyimbo na uchezaji ndizo zilizobeba sehemu kubwa ya kazi.

## Hadithi ya filamu

*Sehemu hii inaeleza hadithi yote hadi mwisho.*

Filamu inaanza usiku, vijana wanapochoma moto darasa la shule. Asubuhi maisha yanaendelea huku wanajeshi wakiranda mitaani na magari ya deraya. Sarafina anaishi Soweto na jamaa zake kwa sababu mama yake, Angelina, ni mtumishi wa ndani katika nyumba ya Wazungu mjini Johannesburg na analala hukohuko kazini. Baba yake alikufa akipigania uhuru. Sarafina ana picha ya Nelson Mandela, na huizungumzia kama mtoto anayemsimulia mzazi aliye mbali mambo yaliyompata mchana kutwa. Ana ndoto pia ya kuwa nyota.

Shuleni mwalimu anayependwa kuliko wote ni Mary Masombuka, anayefundisha historia na kuongoza kwaya. Anaacha mtaala rasmi na kuwafundisha wanafunzi kwamba historia hufanywa na watu wa kawaida, si na wafalme na majenerali peke yao. Mkuu wa shule anamwonya. Anajua hatari iliyopo, na anajaribu kuilinda shule kwa kuwaridhisha wakubwa. Wanafunzi wanapotafuta wazo la onyesho la mwaka, Sarafina anapendekeza waigize siku ya kuachiliwa kwa Mandela, na yeye mwenyewe awe Mandela.

Polisi wanamkamata Mary mbele ya wanafunzi wake. Mwalimu mwingine analetwa, lakini wanafunzi wanamkataa. Wanajeshi wanaingia, risasi zinapigwa, na watoto wanauawa. Baada ya mazishi hasira inamgeukia Sabela, askari polisi mweusi anayeishi katika mtaa huohuo na kuwasaliti majirani zake. Umati wa vijana unamchoma moto. Sarafina yupo na anaona.

Msako unafuata. Sarafina na wenzake wanakamatwa, wanahojiwa na kuteswa. Akiwa kizuizini anapata habari kwamba Mary amekufa mikononi mwa polisi, ambao wanadai alijirusha mwenyewe dirishani. Anapoachiliwa haendi kwanza kwa wenzake bali kwa mama yake Johannesburg. Zamani alimwonea haya kwa kuwatumikia Wazungu na kunyamaza. Sasa anamwomba radhi, kwa kuwa ameelewa kwamba kuwalisha watoto kwa mshahara mdogo, mwaka baada ya mwaka, nako kulikuwa kupigana.

Kuna pia bunduki ambayo Mary alikuwa ameificha nyumbani kwake na ambayo Sarafina anajua ilipo. Baada ya mambo yote aliyoyaona, Sarafina anaamua kuitupa. Filamu inamalizika kwa onyesho la wanafunzi, Sarafina akiwa katika nafasi ya Mandela, na wimbo unaotangaza kwamba uhuru unakuja kesho.

## Waigizaji

* Leleti Khumalo – Sarafina
* Whoopi Goldberg – Mary Masombuka, mwalimu wa historia
* Miriam Makeba – Angelina, mama yake Sarafina
* John Kani – mkuu wa shule
* Mbongeni Ngema – Sabela, askari polisi
* Dumisani Dlamini – Crocodile, mwanafunzi
* Sipho Kunene – Guitar, mwanafunzi
* Somizi Mhlongo – Fire, mwanafunzi
* Tertius Meintjes – Luteni Bloem

Ngema, mtunzi wa hadithi, alijipa nafasi ya mtu anayechukiwa kuliko wote mtaani. Waigizaji kadhaa wa wanafunzi walitoka katika kundi la jukwaani.

## Utengenezaji

Roodt na Singh walikuwa wameshafanya kazi pamoja kabla ya hapo. Filamu yao *Place of Weeping* (1986) ni miongoni mwa filamu za kwanza za kupinga ubaguzi wa rangi zilizotengenezwa ndani ya Afrika Kusini yenyewe. Sarafina! ilipigwa Soweto na Johannesburg, katika mitaa ileile ambako mambo yanayosimuliwa yalitokea. Uchezaji uliandaliwa na Mmarekani Michael Peters, aliyejulikana kwa kazi yake katika video za Michael Jackson, akishirikiana na Ngema.

Kazi ilifanyika wakati wa mpito. Mandela alikuwa ameachiliwa tarehe 11 Februari 1990 na vyama vilivyopigwa marufuku vilikuwa vimeruhusiwa, lakini Waafrika walikuwa bado hawana kura. Susio la kitamaduni dhidi ya nchi hiyo lilikuwa bado na nguvu. Whoopi Goldberg alipowasili, chama cha AZAPO kilipinga ujio wake kwa hoja kwamba susio halijafutwa, ilhali ANC iliunga mkono filamu. Mgogoro ulimalizwa kwa mazungumzo na kazi ikaendelea.

Wakati huo uliathiri pia maudhui. Tamthilia ya mwaka 1987 iliota siku ambayo haikuwa imefika. Filamu ya mwaka 1992 ilitengenezwa siku hiyo ikiwa imekwisha kufika, na swali lililobaki lilikuwa namna watu waliotendeana ukatili watakavyoishi pamoja. Kifo cha Sabela, bunduki inayotupwa na mazungumzo ya Sarafina na mama yake yanapata uzito wao kutokana na swali hilo. Nafasi ya mwalimu ilibadilishwa vilevile. Jukwaani mwalimu aliitwa Mistress It's a Pity, na ndani yake kulikuwa na uchekeshaji mwingi. Mary wa filamu anabeba msiba wa hadithi nzima.

## Muziki

Nyimbo nyingi zilitoka katika tamthilia na zilitungwa na Ngema na Masekela. Muziki wa kusindikiza matukio uliandikwa na Mwingereza Stanley Myers. Mtindo wake mkuu ni mbaqanga, muziki wa dansi uliokua katika mitaa ya Waafrika mijini kuanzia miaka ya 1960, ukichanganya gitaa la umeme, besi nzito na uimbaji wa kupokezana. Umeongezwa uimbaji wa kwaya za kanisani na nyimbo za maandamano ambazo vijana waliziimba wakicheza toyi-toyi.

Lugha zake ni Kizulu na Kiingereza. Kiafrikaans, lugha ambayo serikali ilitaka kuwalazimisha wanafunzi, hakina nafasi katika nyimbo zao. Miongoni mwa nyimbo zinazokumbukwa zaidi ni ile ya mwisho kuhusu uhuru wa kesho, Sala ya Bwana iliyotiwa muziki, na wimbo wa shukrani kwa mama ulioimbwa na Miriam Makeba.

Katika filamu muziki una kazi mbili. Kwanza ni njia ya ndoto: Sarafina anapoimba, vumbi la Soweto linageuka jukwaa lenye taa. Pili ni silaha ya wasio na silaha. Katika mazishi wanafunzi wanaimba mbele ya bunduki, na wimbo unawaweka pamoja wakati kila kitu kinawataka watawanyike. Jambo hili halikubuniwa na watunzi. Katika maandamano na mazishi ya kweli ya miaka ya 1970 na 1980 nyimbo zilikuwa sehemu ya mapambano, na polisi waliyavunja makusanyiko hayo mara kwa mara.

Waliohusika na muziki huo waliyalipia maisha hayo wenyewe. Hati ya kusafiria ya Miriam Makeba ilifutwa mwaka 1960, na hakuruhusiwa hata kumzika mama yake. Alitoa ushahidi Umoja wa Mataifa mwaka 1963 dhidi ya ubaguzi wa rangi, na baada ya hapo rekodi zake zilipigwa marufuku nchini kwake. Alirudi Juni 1990 baada ya miaka thelathini. Wasikilizaji wa Afrika Mashariki walimfahamu kabla ya filamu kwa kuimba "Malaika" kwa Kiswahili. Masekela naye alirudi mwaka 1990.

## Maudhui

Suala la kwanza ni elimu. Filamu inaonyesha kwamba utawala haukuogopa mitutu peke yake. Uliogopa pia darasa la historia. Mary hafundishi kutengeneza mabomu. Anawauliza wanafunzi maswali, na kwa kosa hilo anauawa. Mkuu wa shule anawakilisha njia nyingine, ya kuinamisha kichwa ili mlango wa shule ubaki wazi. Filamu haimdhihaki, ila inaonyesha kwamba njia hiyo haikuwaokoa watoto.

Suala la pili ni jeuri. Mauaji ya wasaliti kwa moto yalitokea kweli katika mitaa ya Waafrika miaka ya 1980, na yaliwagawa hata wapinzani wa serikali. Filamu nyingi za aina hii huwaweka ukatili wote upande mmoja. Sarafina! inamwonyesha shujaa wake akiwa karibu na moto huo, kisha inamwacha aubebe moyoni. Haisemi kwamba makosa ya pande mbili yalikuwa sawa, kwa maana mateso ya kizuizini yanaonyeshwa wazi. Inachouliza ni kitu gani kinabaki ndani ya mtoto aliyefundishwa chuki mapema mno.

Suala la tatu ni aina za ushujaa. Mwanzoni shujaa kwa Sarafina ni Mandela aliye pichani na baba aliyekufa vitani. Mwishoni anamtambua shujaa wa tatu, mama aliyevaa aproni jikoni kwa watu.

## Mapokezi

Filamu ilionyeshwa katika Tamasha la Cannes mwaka 1992, nje ya mashindano, na ilianza kuonyeshwa Marekani tarehe 18 Septemba 1992. Mapato yake nchini humo yalifikia takriban dola milioni 7. Wahakiki waligawanyika. Wengi walimsifu Khumalo na nguvu ya uchezaji. Baadhi waliona kwamba nyimbo za furaha na picha za mateso havikupatana, na wengine walilaumu kwamba nyota wa Marekani alivuta macho kutoka kwa vijana.

Barani Afrika filamu ilipata maisha marefu kuliko katika kumbi za Ulaya na Marekani. Ilisambaa kwa kanda za video na televisheni, na nyimbo zake ziliingia katika kwaya na maonyesho ya shule katika nchi nyingi. Nchini Afrika Kusini ilitolewa upya tarehe 16 Juni 2006, katika kumbukumbu ya miaka 30 ya maandamano ya Soweto.

Jina la Sarafina liliingia pia katika siasa kwa njia isiyotarajiwa. Mwaka 1995 Wizara ya Afya ya Afrika Kusini ilimpa Ngema mkataba wa rand milioni 14.27 kutengeneza *Sarafina II*, tamthilia ya kuelimisha umma kuhusu UKIMWI. Uchunguzi wa Mlinzi wa Umma mwaka 1996 ulikuta kwamba taratibu za zabuni hazikufuatwa, na mradi ulisimamishwa. Ilikuwa mojawapo ya kashfa za kwanza kubwa za fedha za umma baada ya uchaguzi wa mwaka 1994.

Khumalo, Roodt na Singh walikutana tena katika *Yesterday* (2004), filamu ya Kizulu kuhusu mama mwenye virusi vya UKIMWI, iliyopendekezwa kwa Tuzo ya Oscar ya filamu bora ya lugha ya kigeni. Nicholson na Singh walifanya kazi pamoja katika *Mandela: Long Walk to Freedom* (2013). Makeba alifariki Novemba 2008, Masekela Januari 2018, na Ngema tarehe 27 Desemba 2023 katika ajali ya gari.

## Uhusiano na Tanzania

Hadithi ya wanafunzi wa Soweto haikuishia Soweto. Baada ya Juni 1976 maelfu ya vijana walivuka mipaka kupitia Botswana, Uswazi na Msumbiji, na wengi wao walifika Tanzania. Dar es Salaam ilikuwa makao ya Kamati ya Ukombozi ya Umoja wa Nchi Huru za Afrika tangu mwaka 1963, na ANC ilikuwa na kambi Kongwa na ofisi Morogoro. Lakini wengi wa wageni hao walikuwa watoto wa shule waliokatishwa masomo, na si wote waliofaa kupelekwa jeshini.

Mwaka 1977 serikali ya Mwalimu Julius Nyerere iliwapa ANC shamba la zamani la mkonge huko Mazimbu, nje kidogo ya mji wa Morogoro, kwenye Reli ya Kati inayotoka Dar es Salaam hadi Kigoma. Hapo ilijengwa shule iliyoitwa Chuo cha Uhuru cha Solomon Mahlangu, kifupi SOMAFCO. Mahlangu alikuwa kijana aliyeondoka Afrika Kusini baada ya maandamano, akarudi kama mpiganaji, akakamatwa mwaka 1977 na kunyongwa tarehe 6 Aprili 1979. Mbali na sekondari, Mazimbu ilikuwa na shule ya msingi, shule ya chekechea, hospitali na shamba. Kituo cha pili kilianzishwa Dakawa. Oliver Tambo, rais wa ANC, aliifungua shule rasmi mwaka 1985.

Kilichokuwa ndoto katika darasa la Mary Masombuka kilikuwa ratiba ya kila siku Mazimbu: historia ya Afrika Kusini ilifundishwa bila mtaala wa Makaburu, na kwaya ilikuwa sehemu ya maisha ya shule. Si wote waliorudi kwao. Makaburi ya Mazimbu yana wanafunzi na walimu waliofia ugenini. Julai 1992, miezi miwili kabla ya Sarafina! kuanza kuonyeshwa Marekani, ANC iliikabidhi shule kwa serikali ya Tanzania. Leo ni Kampasi ya Solomon Mahlangu ya Chuo Kikuu cha Sokoine cha Kilimo.

## Siku ya 16 Juni

Umoja wa Nchi Huru za Afrika uliifanya tarehe 16 Juni kuwa Siku ya Mtoto wa Afrika, na imeadhimishwa tangu mwaka 1991. Afrika Kusini yenyewe huiita Siku ya Vijana. Makumbusho ya Hector Pieterson yalifunguliwa Orlando West tarehe 16 Juni 2002.

Nchini Tanzania siku hiyo huadhimishwa mashuleni kwa maandamano, ngoma, nyimbo na maigizo ya watoto. Mkoani Kigoma huadhimishwa pia katika kambi za wakimbizi kama Nyarugusu, ambako watoto kutoka Kongo na Burundi wamesoma kwa mitaala ya nchi zao wakiwa ugenini, kama walivyofanya wanafunzi wa Mazimbu kabla yao. Mara nyingi hotuba za siku hiyo huhusu haki za mtoto kwa ujumla. Asili yake ni mahususi zaidi: wanafunzi walikataa kufundishwa kwa lugha iliyokusudiwa kuwadhalilisha, na wakapigwa risasi wakiwa wamevaa sare za shule.

## Tazama pia

* Maandamano ya Soweto ya 1976
* Miriam Makeba
* Hugh Masekela
* Solomon Mahlangu
* Mazimbu
* Siku ya Mtoto wa Afrika